Sauti ya Mvita: Redio, Wimbo na Lahaja katika Kisiwa cha Mombasa

1. Utangulizi

Makala haya yanakusudia kuitazama kwa jicho la mhakiki wa fasihi historia ya redio ya Mombasa iliyojulikana kwa jina la Sauti ya Mvita. Historia ya redio katika Afrika ya Mashariki imeandikwa zaidi na wanahistoria na wataalamu wa siasa. Hao wameishughulikia redio kama chombo cha utawala: nani alikimiliki, nani alikiogopa, habari gani zilitangazwa na zipi zilizimwa. Hatuna ugomvi na kazi hiyo, kwani bila yake tusingejua hata tarehe za msingi. Lakini msikilizaji wa Mji wa Kale hakufungua redio kwa ajili ya habari peke yake. Alifungua kwa ajili ya wimbo pia, na wimbo wa Mvita, kama wasomaji wa jarida hili wajuavyo, ni shairi kabla haujawa muziki. Kwa hiyo redio iliyorusha nyimbo ilikuwa inarusha mashairi, na historia yake ni sehemu ya historia ya ushairi wa Kiswahili.

Dai letu ni kwamba redio iliutendea wimbo wa Mombasa mambo matatu. Kwanza, ilimwondoa mlengwa wa fumbo. Pili, kwa kutegemea sahani za santuri, iliufupisha wimbo. Tatu, iliihifadhi lahaja ya Kimvita katika kipindi ambacho shule na vitabu vilikuwa vinaisukuma pembeni. Mawili ya kwanza ni hasara na la tatu ni faida. Wahakiki wetu hawajafanya hesabu hiyo, kwa sababu tumezoea kuhakiki kilichopigwa chapa tu.

2. Mwaka 1928 na baada yake

Yapo matukio matatu ya mwaka 1928 ambayo huelezwa katika vitabu mbalimbali bila ya kuunganishwa. Katika mwaka huo Kampuni ya Utangazaji ya Afrika ya Mashariki ya Kiingereza ilianza kurusha matangazo kutoka Nairobi, kwa lugha ya Kiingereza na kwa ajili ya walowezi. Katika mwaka huo huo ulifanyika Mombasa mkutano wa wawakilishi wa nchi za Afrika ya Mashariki, ambao uliamua kwamba Kiunguja ndicho kiwe msingi wa Kiswahili Sanifu. Kamati ya Lugha iliyotokana na uamuzi huo ilianza kazi mwaka 1930. Na katika mwaka huo huo Siti binti Saad wa Unguja alivuka bahari kwenda Bombay kuimba mbele ya vyombo vya kunasia sauti, na sahani zake zikarudi kuuzwa katika miji yote ya pwani.

Tukiyaweka matukio haya pamoja, twaona kwamba sauti ya Kiswahili iliyonaswa katika sahani, lugha ya Kiswahili iliyosanifishwa kwa kalamu, na mawimbi ya redio yalizaliwa karibu kwa wakati mmoja, kila kimoja kikiwa na wenyewe. Mombasa ilikuwa mahali pa mkutano, lakini lahaja yake ndiyo iliyoshindwa katika mkutano huo. Jambo hili lina uzito katika kuielewa redio iliyokuja baadaye.

Sauti ya Mvita ilianza baada ya Vita Kuu ya Pili, katika miaka ya mwisho ya 1940, ikiwa stesheni ndogo ya kuwahudumia watu wa Mombasa na jirani zake kwa Kiswahili na Kiarabu. Haikuwa peke yake kwa muda mrefu. Sauti ya Unguja na Sauti ya Dar es Salaam zilianza mwaka 1951. Kisha, mwaka 1954, redio ya Cairo ilianza matangazo yake ya Kiswahili, ambayo yalishambulia ukoloni waziwazi na kuwapata wasikilizaji wengi katika pwani. Serikali ya kikoloni iliingiwa na hofu, nayo stesheni za pwani zikaonekana kuwa ngao. Idhaa ya Kiswahili ya BBC, iliyoanza mwaka 1957, ilizaliwa katika hali hiyo hiyo. Mwishoni mwa miaka ya 1950 Sauti ya Mvita ilikuwa mojawapo ya stesheni za majimbo katika mfumo wa utangazaji wa Kenya, pamoja na ile ya Kisumu na ile ya Nyeri.

Wanahistoria wa siasa hukomea hapa: redio dhidi ya redio, Mvita dhidi ya Cairo. Lakini ngao hii haikutengenezwa kwa hotuba tu. Cairo ilikuwa na Umm Kulthum, ambaye tamasha zake za kila mwezi zilifuatwa na wapenzi wa muziki wa Kiarabu kila zilikosikika. Radio Ceylon ilikuwa na nyimbo za filamu za Kihindi, na masafa yake mafupi yalifika hadi Afrika ya Mashariki. Mtu aliyeketi barazani na redio yake aliweza kuuzungusha mshipi kutoka Misri hadi Bara Hindi bila ya kusimama Mombasa hata kidogo. Stesheni ya Mombasa ilimbidi impe sababu ya kusimama. Sababu hiyo ilikuwa wimbo wa kwao, kwa lugha ya kwao.

3. Jina na wenye jina

Jina la stesheni lataka kuangaliwa. Mvita ni jina la kale la mji, nalo huhusishwa na Shehe Mvita, ambaye mapokeo ya Thalatha Taifa na Tisa Taifa yanamtaja kuwa mwanzilishi wake. Serikali iliyotumia jina «Mombasa» katika hati zake zote ilichagua, kwa ajili ya redio, jina ambalo wenyeji hulitumia katika ushairi. Uchaguzi huo ulikuwa wa hila na wa heshima kwa pamoja. Ulikuwa wa hila kwa sababu uliivalisha kanzu mashine ya serikali. Ulikuwa wa heshima kwa sababu ulikiri kwamba mji huu una sauti yake, isiyokuwa ya Nairobi wala ya Unguja.

Hata hivyo jina hilo lilifunga mlango kama lilivyoufungua. Mombasa ya wakati huo haikuwa Mji wa Kale peke yake. Palikuwa na Majengo, palikuwa na makuli wa Kilindini, palikuwa na Wamijikenda walioingia kisiwani kila asubuhi na kutoka kila jioni, na palikuwa na wafanyakazi waliotoka bara. Fundi Konde, Mgiriama mwenye gitaa ambaye alikuwa miongoni mwa waimbaji mashuhuri wa Kiswahili nchini Kenya baada ya vita, alikuwa mtu wa pwani kwa kuzaliwa. Je, naye ni sauti ya Mvita? Kwa maana ya jina kama lilivyotamkwa na wenye mji, si rahisi kujibu ndiyo. Mhakiki anayeisifu redio hii kwa kuilinda lahaja hana budi kukumbuka kwamba lahaja ina mipaka, na kwamba ulinzi wa mpaka mmoja huwaacha wengine nje.

4. Fumbo lililopoteza mlengwa

Tuingie sasa katika wimbo wenyewe. Nyimbo za Mombasa zilikuwa na mahali pake pa kuimbwa: arusini, katika vugo, katika lelemama. Vyama vya lelemama vya wanawake, kama vile Ibinaal Watan na Banu Saada, vilishindana kwa mavazi, kwa karamu na kwa maneno. Mtunzi alitunga kwa ajili ya upande wake, akijua upande wa pili utakuwapo au utaletewa habari. Fumbo la wimbo wa namna hiyo lina watu watatu: anayerusha, anayerushiwa, na hadhira inayojua. Bila ya huyo wa tatu fumbo halina makali, kwa maana aliyerushiwa aweza kujifanya hakusikia. Hadhira ndiyo inayomzuia asijifanye.

Redio iliubomoa mpangilio huu. Wimbo uliotungwa kwa ajili ya ua mmoja wa Kibokoni ulisikika Malindi, Lamu na Vanga kwa dakika ile ile. Msikilizaji wa Malindi hakujua nani amenyang'anywa mume, nani amevunja ahadi, wala nani amejivuna kwa nguo za kuazima. Kwake yeye ndege aliyetajwa ni ndege wa kila mtu, na jahazi iliyozama ni msiba wa walimwengu wote.

Baadhi ya wahakiki watasema kwamba hapa ndipo wimbo ulipokuwa fasihi, kwa kuwa ulijikwamua na tukio dogo ukapata maana pana. Hatukubaliani na hoja hiyo bila ya masharti. Mashairi ya Muyaka bin Haji, ambaye aliishi Mombasa katika nusu ya pili ya karne ya 18 na ya kwanza ya karne ya 19, yalifungamana na matukio ya mji wake, na hayakupungua ukubwa kwa sababu hiyo. Tunayafurahia leo kwa kuwa Mwalimu Sikujua na W. E. Taylor waliyakusanya pamoja na maelezo ya nani aliambiwa nini na kwa sababu gani, hata yakaweza kuchapishwa katika diwani mwaka 1940. Maana pana ya Muyaka imejengwa juu ya maana finyu, haikuifuta. Wimbo wa redio ulipewa maana pana kwa kunyimwa ile finyu.

Lakini wasikilizaji hawakukaa kimya. Desturi ya salamu na maombi ya nyimbo, iliyostawi sana katika Sauti ya Kenya katika miaka ya 1970 na 1980, yafaa kuangaliwa upya na wanafasihi. Kwa kawaida salamu hizi hudharauliwa kuwa ni orodha za majina zisizokuwa na mwisho. Tukizitazama kwa makini tutaona kwamba ndizo zilizomrudishia fumbo mlengwa wake. Mtu alinunua kadi, akaandika majina, akachagua wimbo. Wimbo ulikuwa wa mtunzi, lakini uchaguzi ulikuwa wa mwenye kadi, na majina yaliyosomwa kabla ya wimbo yaliugeuza kuwa neno lililoelekezwa. Wimbo wa kulalamikia rafiki mwongo, ukitanguliwa na salamu kwa jirani fulani na «wote wanaonifahamu», haukuwa tena wa walimwengu wote. Mwenye kadi alikuwa mtunzi wa pili. Utanzu huu, ambao twaweza kuuita fumbo la kuchagua, haujapata hata sura moja katika vitabu vyetu vya fasihi simulizi.

5. Urefu wa wimbo

Hasara ya pili ni ya fani. Sahani ya santuri ya inchi kumi ilichukua dakika tatu au zaidi kidogo kwa kila upande. Wimbo wa arusini haukujua kipimo hicho. Muimbaji aliweza kuurefusha ubeti kwa kuurudia, kungoja watu watuze, kuacha fidla ijibu, kisha kuendelea. Beti nane au kumi hazikuwa nyingi. Studio ya kurekodi ilimlazimisha mtunzi kuchagua beti tatu au nne, na redio iliyocheza sahani hizo iliwazoesha wasikilizaji kuamini kwamba huo ndio wimbo mzima.

Shairi la mapokeo hupiga hatua polepole: hufungua kwa kumwita msikilizaji, hueleza jambo, hulipambanua, kisha hufunga kwa wasia au kwa kaditama. Likikatwa kwa kipimo cha sahani, sehemu inayopotea mara nyingi ni ile ya kupambanua. Linabaki lalamiko na wasia, bila ya hoja iliyopita baina yao. Tukiwalaumu watunzi wa tarabu kuwa wanalalamika tu, yafaa kwanza tujiulize kama tunahakiki utungo au tunahakiki upande mmoja wa sahani.

Kanda za kaseti, zilizoenea kuanzia miaka ya 1970, zilirekebisha kasoro hii. Mtu aliweza kunasa arusi nzima, na katika Mji wa Kale biashara hiyo ilishika mizizi. Duka lililojulikana zaidi kwa kanda za tarabu lilikuwa na jina la Mbwana Radio Service. Jina lake lenyewe lina funzo: duka la huduma za redio ndilo lililogeuka kuwa mlango wa nyimbo ambazo redio haikuweza kuzichukua kwa urefu wake. Kanda hizo zina beti kamili, zina vigelegele, zina kelele za watu waliomwelewa mwimbaji kabla hajamaliza mshororo. Kwa mhakiki, hizo ndizo nakala zenye thamani zaidi.

6. Lahaja iliyokimbilia wimboni

Tuje kwenye faida. Baada ya Kiswahili Sanifu kuingia shuleni, mtoto wa Mombasa aliyeandika «mato» kwa maana ya macho, au «ndia» kwa maana ya njia, alihesabiwa kuwa amekosea. Vitabu vilivyotaka kupita katika shule vilipimwa kwa kipimo hicho hicho. Habari za redio nazo zilielekea Kiswahili cha ofisi. Wimbo peke yake haukusahihishwa. Hapakuwa na mhariri aliyemwambia mwimbaji aseme «mchele» mahali pa «mtele», maana angemharibia kina na mizani. Kwa hiyo ndani ya saa moja ya matangazo Kiswahili viwili viliketi pamoja, na kile kilichoshindwa mwaka 1928 ndicho kilichopewa sehemu ambayo watu waliipenda zaidi.

Wala si suala la msamiati tu. Kimvita hutofautisha t ya meno na t ya ufizi, na hutofautisha sauti zenye mpumuo na zisizokuwa nao. Paa la nyumba na paa wa mwituni, kaa la moto na kaa wa pwani, ni maneno yanayotengana katika kinywa cha mtu wa Mombasa, ingawa kalamu huyaandika sawa. Tahajia ya kawaida ya herufi za Kirumi huzifuta tofauti hizi zote. Redio haikuweza kuzifuta hata kama ingetaka. Mtunzi akicheza na paa wawili katika ubeti mmoja, msomaji wa kitabu huona neno moja limerudiwa, na msikilizaji husikia maneno mawili yanayogongana. Sehemu ya ufundi wa washairi wa Mvita hukaa katika mgongano huo.

Mfano mzuri wa ushirikiano wa kalamu na koo ni Ahmad Nassir na Juma Bhalo. Diwani ya Ahmad Nassir, Malenga wa Mvita, ilichapishwa mwaka 1971 na kuingia katika maktaba na madarasa. Lakini mshairi huyu alikwisha kujulikana na watu wasioshika kitabu, kwa kuwa tungo zake ziliimbwa na Juma Bhalo, ndugu yake, mara nyingi kwa mahadhi yaliyotoka katika filamu za Kihindi. Wapo waliochukizwa na mahadhi hayo, wakauliza tarabu ya namna hiyo ina Uswahili gani. Jibu letu ni kwamba swali limeulizwa mahali pasipo pake. Mahadhi yalikuwa ya kuazima, lakini maneno yaliyopanda juu yake yalikuwa Kimvita kisichochanganywa. Zein l'Abdin, aliyetoka Lamu na kuishi Mombasa, alipita njia nyingine, ya udi na mahadhi yenye asili ya Kiarabu, naye akakutana na Bhalo katika jambo lile lile la kuyapa maneno nafasi ya kwanza. Anayewatenganisha wawili hawa kwa muziki wao, mmoja Mhindi na mwingine Mwarabu, amesikiliza vyombo akaliacha shairi.

7. Kutoka Mvita hadi Kenya

Katika miaka ya 1961 hadi 1963 mjadala wa Mwambao, yaani hatima ya ukanda wa maili kumi uliokuwa chini ya Sultani wa Zanzibar, uliyapa majina yote ya pwani uzito wa siasa. Kuitwa Mvita hakukuwa tena jambo la ushairi tu. Mapatano ya Oktoba 1963 yaliuingiza ukanda huo katika Kenya, na uhuru ukafuata tarehe 12 Desemba. Mwaka 1964 serikali ililitaifisha shirika la utangazaji na kuliita Sauti ya Kenya, jina lililodumu hadi mwaka 1989.

Hatuwezi kuilaumu dola changa kwa kutaka sauti moja. Lakini yafaa tuone kilichotokea katika muundo wa jina. Kabla ya hapo nomino «sauti» ilifuatwa na mji: Unguja, Dar es Salaam, Mvita. Sasa ilifuatwa na dola. Mwaka 1973 Abdilatif Abdalla, mzaliwa wa Mombasa aliyefungwa tangu 1969 hadi 1972 kwa sababu ya kijikaratasi chake Kenya: Twendapi?, alichapisha mashairi aliyoyatunga gerezani kwa jina la Sauti ya Dhiki. Si lazima mshairi awe alikusudia kuijibu redio. Msomaji wa wakati ule, aliyesikia maneno «Sauti ya Kenya» mara kadhaa kila siku, hakuweza kulisoma jina la kitabu kile bila ya kuyasikia maneno hayo nyuma yake. Na lugha ya mashairi hayo ni Kimvita. Lahaja iliyopoteza stesheni yenye jina lake ilijitokeza katika kitabu, nayo ikatuzwa Tuzo ya Fasihi ya Jomo Kenyatta mwaka 1974.

Tangu hewa ilipofunguliwa katika miaka ya 1990 na kuendelea, Mombasa imepata stesheni nyingi, za watu binafsi na za umma, na shirika la taifa lenyewe lina Pwani FM. Tarabu husikika. Hata hivyo neno «Pwani» ni pana kuliko «Mvita», na kwa upande mmoja hilo ni jema, maana limewafungulia mlango wale tuliowataja katika sehemu ya tatu. Kwa upande wa pili, mtangazaji wa leo huzungumza Kiswahili cha kila mahali, na vijana wengi wa kisiwani hujifunza lahaja ya bibi zao kutoka katika nyimbo za zamani kuliko kutoka mezani.

8. Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba redio ya Mombasa haikuwa bomba lililopitisha wimbo bila ya kuubadilisha. Ilimtenga mtunzi na aliyemtungia, ikaupunguza urefu wa utungo, lakini ikaziweka hai sauti ambazo maandishi yetu hayana herufi za kuzionyesha. Hukumu yetu ni kwamba faida imezidi hasara, kwa sharti moja: faida hiyo ikusanywe. Beti zilizokatwa zaweza kupatikana katika kanda, na walengwa wa mafumbo waweza kuulizwa kwa wazee, ila kwa muda mfupi tu. Juma Bhalo alifariki mwaka 2014, Zein l'Abdin mwaka 2016, na Ahmed Sheikh Nabhany, ambaye angetufasiria mengi, mwaka 2017.

Idara za lugha hazina budi kuanza na kazi iliyo karibu. Kanda zilizomo makabatini katika nyumba za Kibokoni, Kuze na Mkanyageni zinakiliwe. Maneno yake yaandikwe kwa hati inayotofautisha t mbili na kuonyesha mpumuo, na kila wimbo uwekewe maelezo: uliimbwa wapi mara ya kwanza, ulimwelekea nani, beti zipi hazikuwahi kufika redioni. Mwanafunzi mmoja mwenye sikio la Kimvita aweza kuifanya kazi hiyo kwa nyumba moja kwa muhula mmoja. Muyaka alimpata Mwalimu Sikujua wake. Nyimbo za Sauti ya Mvita bado hazijampata wake, na wale wanaojua paa yupi alikusudiwa wanapungua kila mwaka.